MIGUU YA KING'AMUZI CHA TARAKIMU: ISTILAHI NA MAANA ZAKE

Gongo la Mboto ni mahali panapojulikana na kila msafiri wa daladala za Dar es Salaam. Ukiufuata mwendo wa Barabara ya Nyerere, ukaupita uwanja wa ndege wa Julius Nyerere na kuelekea Pugu, huwezi kukosa kuiona mitaa yake iliyojaa maduka, mashine za kusaga na vibanda vya mafundi. Katika kibanda kimojawapo, mwandishi wa makala haya alikuta kijana mmoja ameketi mbele ya chombo alichokitengeneza kwa mikono yake mwenyewe. Chombo hicho kilikusudiwa kuhesabu magunia ya mahindi yanayoingia mashineni. Lakini tangu kilipowashwa kilionyesha namba moja tu: 8. Gunia likiingia, 8; magunia kumi yakiingia, 8.

Kijana huyo alikwisha kununua chipu tatu huko Kariakoo, akidhani kila moja imeungua. Fundi mzee mwenye kibanda alipozipima alisema, "Mwanangu, chipu zako ni nzima. Kilichoungua ni hii karatasi yako." Karatasi yenyewe ilikuwa maelezo ya mafunzo yaliyofasiriwa kwa Kiswahili, tena kwa Kiswahili chenye sarufi njema. Hata hivyo ilikuwa na makosa mawili matatu ya istilahi ambayo hayangemsumbua msomaji wa riwaya, lakini yalimgharimu fundi fedha na siku zake. Kijana alisema neno lililotuchoma zaidi: kwamba afadhali angelisoma maelezo ya Kiingereza.

Makala haya yanajaribu kueleza mambo mawili kwa pamoja. Kwanza, jinsi miguu ya chipu hiyo ilivyopangwa na kazi ya kila mguu. Pili, maneno yafaayo kutumiwa na wafasiri na walimu ili Kiswahili kisilaumiwe kwa makosa ambayo si yake.

Chombo chenyewe ni kitu gani?

Tarakimu tunazoziona katika saa za mezani, mizani za dukani na pampu za petroli mara nyingi huundwa kwa vijiti saba vya nuru. Vijiti vyote vikiwaka huonekana 8. Cha katikati kikizimwa huonekana 0. Vikiwaka cha juu na viwili vya kulia huonekana 7. Kila kijiti ni diodi itoayo nuru. Diodi ya namna hiyo yenye kutoa nuru nyekundu ionekanayo kwa macho ilitengenezwa mwaka 1962 na Nick Holonyak huko Marekani, miaka minne baada ya Jack Kilby kuunda saketi unganifu ya kwanza mwaka 1958.

Vijiti saba vimepewa majina ya herufi ndogo. Kijiti cha juu ni a. Kutoka hapo tunazunguka kwa mwendo wa mishale ya saa: kulia juu ni b, kulia chini ni c, chini kabisa ni d, kushoto chini ni e, kushoto juu ni f. Kijiti cha katikati ni g.

Kati ya sehemu ya kuhesabu na vijiti hivyo hapana budi pawe na mkalimani, kwa kuwa hesabu hufanywa kwa mfumo wa tarakimu mbili tu, yaani 0 na 1, na macho yetu yanataka tarakimu kumi tulizozizoea. Mkalimani huyo ndiye chipu tunayoizungumzia. Ziko za aina nyingi. Tutaichukua ile ijulikanayo kwa namba 4511, kwa sababu hutumiwa sana katika mafunzo. Hupokea waya nne na kutoa waya saba.

Kwa kazi hiyo tunapendekeza neno king'amuzi. Wakazi wa Dar es Salaam wamelizoea tangu matangazo ya televisheni ya mfumo wa analojia yalipozimwa jijini tarehe 31 Desemba 2012, na kila nyumba yenye televisheni ikahitaji king'amuzi, ambacho wengine hukiita kisimbuzi. Kung'amua ni kutambua jambo lililofichika. Chombo cha televisheni na chipu yetu ndogo hufanya kazi ya ukoo mmoja: vyote viwili hupokea alama zisizosomeka na kuzitoa kwa sura inayosomeka. Kwa hiyo tuseme king'amuzi cha tarakimu, na kile chenye vijiti vya nuru tukiite kionyeshi.

Mguu, pini au ncha?

Karatasi ya kijana wetu ilitumia maneno matatu kwa kitu kimoja. Ukurasa wa kwanza ulisema pini, wa pili ncha, wa tatu mguu. Msomaji asiyeijua chipu atadhani ni vitu vitatu mbalimbali. Hili ni kosa kubwa katika tafsiri ya ufundi. Mwandishi wa hadithi husifiwa kwa kubadilisha maneno ili asichoshe. Mwandishi wa istilahi husifiwa kwa kulirudia neno lile lile mpaka mwisho.

Mafundi wetu wamekwisha kuamua siku nyingi. Kwao transista ina miguu mitatu na chipu hii ina miguu kumi na sita. Neno hili lina faida ya kutuzalia maneno mengine bila kulazimisha. Kitu chenye miguu kina mgongo na tumbo, kichwa na mkia. Faida hiyo si ya mapambo. Katika Kiswahili neno juu lina maana mbili zinazogongana hapa: uso ulioandikwa maandishi, na pia ule mwisho wa chipu wenye alama. Karatasi iliyosema "anza kuhesabu upande wa juu" haikumwambia kijana lolote. Tukisema mgongo kwa uso wenye maandishi, tumbo kwa uso wa chini, kichwa kwa mwisho wenye pengo, na mkia kwa mwisho wa pili, utata wote unakwisha.

Sasa tunaweza kueleza namna ya kuhesabu. Ilaze chipu kwa tumbo, mgongo ukutazame, kichwa chenye pengo kikiwa mbali nawe. Mguu namba 1 ni ule wa kushoto ulio karibu na kichwa. Hesabu ukiteremka upande wa kushoto hadi mkiani, namba 8. Kisha vuka kulia na kupanda, ukianzia namba 9 iliyo mkiani hadi namba 16 iliyo kichwani. Mwendo huu ni kinyume cha mishale ya saa. Lakini fundi anapolehemu huigeuza bao na kutazama tumbo. Hapo mwendo ule ule huonekana kufuata mishale ya saa. Kwa hiyo mfasiri asiandike kamwe mwelekeo wa kuzunguka bila kutaja kwamba chipu inatazamwa mgongoni au tumboni.

Yafaa pia kutofautisha mguu wa nne na mguu namba 4. Neno la kwanza ni la mpangilio, na msomaji aweza kuhesabu kuanzia popote alipo. La pili ni jina, nalo halibadiliki. Katika maandishi ya ufundi tuandike jina.

Mpangilio wa miguu

Upande wa kushoto, kutoka kichwani hadi mkiani:

Namba 1: B kubwa, mguu wa kupokea.
Namba 2: C kubwa, mguu wa kupokea.
Namba 3: LT, mguu wa kujaribia vijiti.
Namba 4: BL, mguu wa kuzima vijiti.
Namba 5: LE, mguu wa kushikilia.
Namba 6: D kubwa, mguu wa kupokea.
Namba 7: A kubwa, mguu wa kupokea.
Namba 8: hasi ya umeme.

Upande wa kulia, kutoka mkiani hadi kichwani:

Namba 9: e ndogo.
Namba 10: d ndogo.
Namba 11: c ndogo.
Namba 12: b ndogo.
Namba 13: a ndogo.
Namba 14: g ndogo.
Namba 15: f ndogo.
Namba 16: chanya ya umeme.

Mwanafunzi atakayeutazama upande wa kulia kuanzia kichwani ataona, chini ya mguu wa chanya, f na g, kisha a, b, c, d, e kwa utaratibu wake. Hii ni njia rahisi ya kukumbuka.

Miguu minne ya kupokea ina uzito. A ina uzito wa 1, B wa 2, C wa 4 na D wa 8. Ikitakiwa tarakimu 5, A na C hupewa chanya, kwa kuwa 1 na 4 ni 5. B na D hupewa hasi. King'amuzi hupokea na kuwasha vijiti a, c, d, f na g. Ikitakiwa 9, A na D hupewa chanya. Waya nne zaweza kutaja hesabu hadi 15, lakini zikitajwa kuanzia 10 king'amuzi hiki huzima vijiti vyote, kwani kimefundishwa tarakimu kumi tu. Mwalimu awaeleze wanafunzi pia kwamba 6 ya chipu hii haina kijiti cha juu, na 9 yake haina kijiti cha chini. Hilo si ugonjwa. Ndiyo sura waliyoichagua watengenezaji wake.

Herufi na masikio

Hapa twafikia tatizo ambalo halimo katika vitabu vya Kiingereza, nalo ni la madarasa yetu. Mwalimu husoma herufi kwa sauti na wanafunzi huandika. Akizitaja kwa matamshi ya Kiingereza, herufi A husikika karibu na "ei", na E husikika "i". Mwanafunzi aliyefundishwa irabu za Kiswahili tangu darasa la kwanza husikia "ei" na kuandika e. Katika chipu yetu A kubwa ni mguu namba 7, nao hupokea. E ndogo ni mguu namba 9, nao hutoa. Aliyekosea kusikia ameunganisha waya wa kuingiza habari na mguu wa kutolea habari, na huenda sehemu mbili zikashindana kwa umeme hata moja ikaharibika.

Tunapendekeza basi kwamba irabu zisomwe kwa Kiswahili, na kila herufi ifuatwe na neno kubwa au ndogo: a kubwa, a ndogo, e ndogo. Tena isitajwe herufi peke yake bila namba ya mguu. "Mguu namba 9, e ndogo" hauwezi kusikika vibaya mara mbili.

Herufi zenyewe, hata hivyo, zisifasiriwe. LT, BL na LE ni vifupisho vya maneno ya Kiingereza, na mfasiri aweza kushawishika kuviundia vifupisho vya Kiswahili. Asifanye hivyo. Fundi wa Gongo la Mboto ataifungua karatasi ya mtengenezaji na kuiona LT. Kama sisi tumemfundisha herufi nyingine, tumemfungia mlango. Kinachofasiriwa ni kazi ya mguu. Jina lake lililochapwa linabaki kama lilivyo.

Kistari kilichopotea

Tumwendee sasa kijana wetu na namba yake 8. Katika karatasi ya mtengenezaji, herufi LT na BL zina kistari juu yake. Kistari hicho si urembo wa mchapaji. Maana yake ni kwamba mguu huo hufanya kazi yake unapopewa hasi, na hupumzika unapopewa chanya. Mguu wa LE hauna kistari. Wenyewe huamka unapopewa chanya.

Aliyepiga chapa karatasi ya Kiswahili aliviacha vistari, labda kwa sababu mashine yake haikuwa navyo. Kisha maelezo yakasema kwamba miguu ya kuamrisha isiyotakiwa kufanya kazi iunganishwe na hasi. Kijana alitii. Akaunganisha namba 3, 4 na 5 zote na hasi. Mguu namba 5 ukalala kama alivyotaka. Lakini namba 3 na 4 zikaamka. Namba 4 iliamuru vijiti vyote vizimwe, na namba 3 iliamuru vyote viwashwe. Na katika chipu hii amri ya namba 3 huishinda ile ya namba 4. Vijiti vyote saba vikawaka na kubaki vinawaka. Ndiyo ile 8.

Dawa yake ilikuwa kuhamisha waya mbili tu. Namba 3 na 4 zikaunganishwa na chanya, namba 5 ikabaki kwenye hasi, na chombo kikaanza kuhesabu.

Kwa kuwa kistari hupotea kwa urahisi, tunapendekeza maneno mawili yatakayoandikwa kwa ukamilifu kila mara: huamka kwa hasi, na huamka kwa chanya. Herufi yaweza kupoteza kistari chake njiani kati ya mfasiri na mchapaji. Sentensi nzima haipotei kwa urahisi hivyo. Mguu namba 3 uandikwe: "LT, mguu wa kujaribia vijiti, huamka kwa hasi."

Yafaa kueleza pia sababu ya kuwapo kwa mguu huu. Fikiri mizani ya dukani ambayo kijiti chake a kimekufa. Tarakimu 7 itasomeka 1. Kijiti g kikifa, 8 itasomeka 0. Muuzaji na mnunuzi watagombana na kila mmoja ataapa kwamba ameona kwa macho yake, na wote watakuwa wakweli. Mguu wa kujaribia huwasha vijiti vyote kwa pamoja ili kilichokufa kijulikane kabla hakijadanganya watu.

Kuhusu mguu namba 5, wengine wamependekeza neno komeo. Sisi tunaona lina kasoro. Komeo huzuia mtu asiingie, wala halikumbuki aliyeingia mwisho. Mguu huu ukiamshwa, king'amuzi huacha kusikiliza miguu ya kupokea na kuendelea kuonyesha tarakimu ya mwisho iliyopokewa. Kwa hiyo kushikilia ni neno linaloeleza zaidi.

Hasi si ardhi

Karatasi nyingi huuita mguu namba 8 mguu wa ardhi, kwa kufuata Kiingereza. Katika nyaya za nyumbani, waya wa ardhi, ambao mafundi huuita ethi, huenda kweli udongoni kwa ajili ya usalama. Chombo chetu hutumia betri. Hakina uhusiano wowote na udongo. Kumwambia mwanafunzi aunganishe mguu na ardhi ni kumwalika autafute waya ambao haumhusu. Tuseme hasi, na mguu namba 16 tuuite chanya. Maneno haya mawili hufundishwa tangu shule za msingi.

Kwa msingi huo huo, kionyeshi kinachofaa king'amuzi hiki ni kile ambacho diodi zake zote zimekutanishwa upande wa hasi, yaani kathodi ya pamoja. Kiko king'amuzi kingine, namba 7447, ambacho miguu yake imepangwa vivyo hivyo isipokuwa kazi ya mguu namba 5. Lakini chenyewe huwasha vijiti kwa kuvivuta kwenye hasi, na kwa hiyo hutaka kionyeshi chenye anodi ya pamoja. Mfasiri akiliruka neno "pamoja" au akibadilisha anodi kwa kathodi, kionyeshi hakitawaka ipasavyo na fundi hataona sababu. Tena kila kijiti kiwe na rezista yake ya kupunguza mkondo. Kwa umeme wa volti 5, rezista ya ohmu 330 huuweka mkondo wa kijiti chini ya miliampea 10.

Hitimisho

Baraza la Kiswahili la Taifa liliundwa kwa sheria ya mwaka 1967, na mwaka 1990 Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ilitoa kamusi sanifu ya biolojia, fizikia na kemia. Kazi imefanyika. Lakini istilahi haiishi kamusini. Huishi inapotumiwa na mtu mwenye waya mkononi. Mfano mwema ni LUKU, yaani Lipa Umeme Kadiri Utumiavyo. Leo mkazi wa Gongo la Mboto huenda kununua luku na kuzibonyeza tarakimu 20 bila kukumbuka kwamba neno hilo liliwahi kubuniwa. Halikumdanganya alipolijaribu, naye akalikubali.

Kwa hiyo tunawaomba walimu, wafasiri na watumishi wa ofisi wanaoandaa maelezo ya ufundi wafanye jambo moja kabla ya kuyachapa: wampe fundi karatasi na kifaa chenyewe, kisha wakae kimya wamtazame. Pale atakapositasita ndipo neno letu lilipo na kasoro. Kijana wa magunia alipoona tarakimu zinabadilika aliomba kalamu, akachora vistari viwili juu ya LT na BL katika karatasi yake ya Kiswahili, akaikunja na kuitia mfukoni. Hakuitupa. Ni juu yetu kuona kwamba karatasi itakayofuata haitahitaji kusahihishwa kwa kalamu yake.